Chini Usizibe

Jumamosi asubuhi duka la vifaa vya ujenzi lilifurika utadhani mji mzima umeamka ukakuta nyumba zake zimebomoka. Huyu anadai misumari, yule anarudisha rangi iliyokauka ikawa si ile aliyoiona kwenye kopo, mwingine amebeba bomba refu begani na kila akigeuka watu wanainama. Mbele kabisa, kwenye kaunta, alisimama msichana mwenye ovaroli ya buluu, kitambaa cha njano kichwani, na hereni ndogo za shanga zilizocheza kila alipotikisa kichwa. Siku hiyo alikuwa anakitikisa sana.

"Valvu ya shawa, ya mkono mmoja," alirudia. "Na bamba la kufunikia. Si hilo dogo. Lile pana."

"Dada, kwani fundi hakukuandikia kwenye karatasi?" muuzaji aliuliza.

"Fundi yupi?"

"Aliyekutuma."

Watu wawili watatu wakacheka. Msichana akatoa spana yake mfukoni, akaiweka juu ya kaunta taratibu, kama mtu anayeonyesha kitambulisho.

"Aliyenituma ni huyu. Ukiwa na swali, muulize."

"Muuzie, bwana," sauti ya kiume ilisema nyuma yake. "Anajua anachotaka."

Akageuka. Alikuwa kijana mrefu, suruali ina madoa ya saruji mpaka magotini, ndoo mkono mmoja na mwiko mkono mwingine. Kope zake zilijaa unga mweupe wa lipu.

"Nimekuomba uniombee?"

"Hapana."

"Basi panga foleni."

"Nimepanga. Wewe ndiye umeiziba."

Alitaka kukasirika, ila zile kope zilimharibia hasira. "Hiyo ni poda, au uzee umeanzia machoni?"

"Ni dari. Nilikuwa naipiga lipu, ikaamua kunirudishia."

Alicheka kabla hajajizuia. Na kijana, ambaye mtaani kwake aliitwa Lipu hata na watoto, alijua papo hapo kwamba atamsubiri nje ya duka, hata kama alichofuata mwenyewe ni brashi moja tu.

Alimsubiri kweli. Msichana alipotoka na mzigo wake, alimkuta amekaa juu ya ndoo iliyopinduliwa.

"Bamba pana hivyo la nini?" Lipu aliuliza, ilimradi apate la kuuliza.

"Shawa ya zamani ina koki mbili, ya moto na ya baridi, na valvu iko ndani ya ukuta. Ukitaka kuitoa lazima uvunje vigae vyote vya katikati. Ukiweka mpya ya mkono mmoja, inabaki shimo kama mdomo wa mtu anayepiga miayo. Vigae vya zamani hivyo hupati tena popote. Bamba linafunika jeraha lote."

"Kwa bati!" Lipu alishika kifua. "Dada yangu, hiyo si kazi, ni plasta ya kidonda. Niite mimi. Ukuta nitaujaza, nitaulainisha, nitaupaka rangi. Mtu hatajua kama ukuta uliwahi kuguswa."

"Na siku bomba likivuja?"

"Litavuja vipi na mimi nimeziba?"

"Ndiyo ninyi," alisema, akitundika mfuko begani. "Mnaficha halafu mnaita usafi. Mimi nafunika kwa skrubu mbili. Ukitaka kuona, unafungua, unaona."

"Unaitwa nani?"

"Spana."

"Jina lako la kweli?"

"Hilo halipatikani dukani."

*

Alilipata, lakini baada ya vikombe vingi vya chai. Kwanza alipata namba ya simu, akisingizia kwamba mteja wake fulani ana tatizo la sinki. Mteja huyo hajaonekana mpaka leo. Kisha wakaanza kupeana kazi: Spana akivunja ukuta, Lipu alikuja nyuma yake kuziba. Walibishana mbele ya wateja, wakacheka ngazini, wakala mkate juu ya ndoo zilizopinduliwa huku miguu yao ikigusana kama kwa bahati mbaya.

"Spana wangu," Lipu alisema siku moja kwenye simu.

"Nani mwenzangu?"

"Unajua ni nani."

"Wateja wote wananiita Spana. Jitambulishe."

"Mimi ni yule ambaye hajala tangu asubuhi kwa kukuwaza."

"Hiyo ni njaa, mpenzi. Nenda ukale."

Alisema "mpenzi" kwa mzaha, kisha kila mmoja akasikia pumzi ya mwenzake, na tangu hapo hakuna aliyejisumbua kulirudisha neno hilo lilikotoka.

Basi Spana akajinunulia gauni. Lilikuwa la rangi ya machungwa yaliyoiva, limekaa kiunoni kama limezaliwa naye, mikono mifupi, pindo linalogusa chini kidogo ya magoti. Lipu alipoliona limetundikwa mlangoni alipiga mluzi.

"Livae."

"Thubutu! Hili ni la siku utakayonipeleka kwa mama yako."

Lipu akaanza kukwangua saruji kavu kwenye kucha yake. "Mama ni mtu wa kuelewa polepole."

"Na wewe ni mtu wa kusema polepole. Amesikia kama nipo?"

"Atasikia. Nipe muda tu, mpenzi."

Ukweli ni kwamba Mama alikuwa ameshasema lake. Mama alishona mapazia. Mtaa mzima ulikuwa na mapazia yake, na nyumbani kwake hata jokofu lilikuwa na pazia. Siku moja, akiwa na pini mdomoni, alimwona kwa dirisha mwanamke aliyebeba bomba barabarani, akasema, "Sasa huyo ataolewa na nani, anayeshinda anachungulia vyoo vya watu?" Lipu alikuwa pembeni, akakata nyuzi na kucheka kidogo. Kicheko hicho kilimkaa rohoni kama mchanga kwenye kiatu, lakini hakumsimulia mtu.

*

Kisha koki ya maji ya moto bafuni kwa Mama ikagoma kufunga.

"Nina fundi mmoja mzuri sana," Lipu alimwambia mama yake.

Spana alipopigiwa simu, moyo ulimruka. Kwake hii haikuwa kazi, ulikuwa utambulisho. Alilikunja gauni lake kwenye mfuko safi, akaubeba pamoja na sanduku la vifaa. Kazi kwanza, kuoga, kisha gauni, kisha "shikamoo Mama." Alikuwa ameipanga siku nzima kichwani.

Mama alikuwa ametoka kwenda kuchagua vitambaa. Spana na Lipu wakafunga koki kuu, wakaingia bafuni na tindo na nyundo. Vigae vilikuwa vya kijani kibichi vyenye maua meupe, vya enzi zile, na kila kimoja kilipovunjika Lipu alisema "pole" kama anamfariji mgonjwa. Valvu ya zamani ilitoka imejaa kutu. Shimo likabaki, pana, limeonyesha mabomba na saruji na giza la ndani ya ukuta. Spana akaweka valvu mpya. Upande wa baridi ukakaa vizuri. Upande wa moto akaukaza kwa vidole tu, akatoa kitu kidogo cheusi, akakitazama kwenye mwanga.

"Washa, hii pete ya mpira ya kuzuia maji, imepasuka. Bila hii nati haishiki. Nakimbia dukani."

"Nifanye nini?"

"Usifanye kitu. Usifunge ukuta, usifungue maji. Nikirudi tutapima kwanza. Halafu tukifunga bamba, gundi ya silikoni weka juu na pembeni. Chini usizibe."

"Chini ndiko panapoonekana vibaya."

"Maji yakiingia nyuma yapate pa kutokea, watu wajue kuna tatizo. Ukiziba chini, ukuta utanyamaza mpaka uoze." Akambusu shavuni, akamwachia alama ya vumbi. "Nakuja. Niangalizie gauni langu."

Duka la kwanza halikuwa na kipimo kile, la pili lilikuwa limefungwa. Alipokipata alirudi mbio, ameshika washa kiganjani kama mtu aliyeokota johari. Mlangoni akakuta viatu vya wageni.

Sebuleni Mama alikuwa ameketi na rafiki yake wa siku nyingi, na binti wa rafiki huyo, msichana mpole mwenye blauzi nyeupe, aliyeshika kikombe kwa mikono miwili. Sakafu ilikuwa imepigwa deki. Lipu alisimama katikati amevaa shati safi, nywele zina maji. Kupitia mlango wa bafuni Spana aliliona bamba likimeremeta ukutani, limezungushiwa silikoni nyeupe pande zote nne, laini, bila kosa.

"Nani huyo?" Mama aliuliza.

Lipu alifungua mdomo. Alimtazama mama yake, akawatazama wageni, akautazama ukuta.

"Ni fundi tu, Mama. Amerudi kuchukua vifaa vyake."

Maneno mawili. Fundi tu. Spana hakuwahi kuionea aibu kazi yake hata siku moja, na hakuanza siku hiyo; kilichomchoma ni lile "tu." Akaangaza macho kutafuta mfuko wa gauni. Ulikuwa umesukumwa nyuma ya pazia la dirishani, ukingo wake ukichungulia chini.

Akavuka sebule na viatu vyake vyenye vumbi, juu ya sakafu ile safi, akavuta pazia, akachukua mfuko wake.

"Shikamoo, Mama," alisema, wima. "Maji ya moto yasifunguliwe. Kazi haijaisha."

"Mwanangu ameshaifunga vizuri," Mama alijibu. "Asante, fundi."

Lipu alimfuata mpaka ngazini. "Spana, sikiliza. Walikuja mapema. Sikujua niseme nini, nikaona nifunge haraka, nisafishe, kisha nitafute nafasi..."

"Umezungushia silikoni pande zote nne."

"Hilo ndilo unaloliona?"

"Ndilo hilo hilo," Spana alisema. Akashuka bila kugeuka.

*

Lipu alipiga simu. Akapiga tena.

"Samahani," Spana alipokea siku moja akiwa chini ya sinki la mtu, "namba hii ni ya fundi tu. Una tatizo gani la bomba?"

"Tatizo ni mimi."

"Hilo halina spea."

"Mpenzi, nakuomba."

"Sema unachoomba."

Lipu alitaka kusamehewa kimyakimya, kwenye simu, pasipo shahidi. Spana alikata, akalia kidogo huku spana iko mkononi, kisha akamaliza sinki, maana mwenye nyumba hakuwa na hatia.

Kwa Mama, maji ya moto yalifunguliwa. Bamba liliendelea kumeremeta, silikoni ikaendelea kuwa nyeupe, na nyuma yake nati isiyo na washa ikadondosha tone baada ya tone ndani ya ukuta. Upande wa pili wa ukuta ule kilikuwa chumba cha kushonea. Kwanza rangi ilivimba kama jipu. Kisha lipu ikaanguka kipande, na marobota ya kitambaa yaliyokuwa yameegemezwa hapo yakanywa maji mpaka katikati.

Siku iliyofuata Spana akapoteza mteja. Kisha mwingine. Wa tatu alisema ukweli: "Nasikia uliharibu nyumba ya mama wa mapazia."

Jioni hiyo simu ikalia, namba ngeni.

"Mimi ni dada yake Lipu. Mkubwa. Yule mwenye akili."

"Shikamoo, dada."

"Marahaba. Mama amewaambia wateja wake wote kwamba fundi wa kike ameubomoa ukuta wake. Na unajua alivyo na wateja. Ndugu yangu anakula bila kuinua kichwa. Nimemuuliza kulikoni, anasema chumvi imezidi. Chakula nilipika mimi, na chumvi niliisahau."

"Anajua watu wananisema?"

"Anajua. Njoo kesho. Wote watakuwepo."

Spana aliketi kitandani kwa muda mrefu. Angeweza kwenda na ovaroli, kichwa chini, kurekebisha na kuondoka. Angeweza kutokwenda kabisa. Akaitazama ile washa ya mpira, ambayo bado alikuwa nayo ndani ya sanduku, kisha akalitazama gauni. Alikuwa amempa mtu mwingine siku yake ya kulivaa. Akaamua kumnyang'anya.

*

Dada alipofungua mlango alisema, "Lo!" akampisha.

Gauni la rangi ya machungwa, kitambaa cha njano, hereni za shanga. Chini, viatu vya kazi vilivyofungwa kamba mpaka juu. Mkononi, sanduku la vifaa.

"Shikamoo, Mama."

"Marahaba." Mama alimtazama kuanzia juu hadi chini, macho yakasimama kwenye pindo. "Unakwenda harusini?"

"Nimekuja kazini."

"Basi njoo uone kazi yako." Mama akampeleka chumba cha kushonea. Ukuta ulikuwa umeoza kwa upana wa mlango, vitambaa vimetandazwa kila mahali vikikauka. "Nilijua. Nikasema tangu mwanzo, kazi ya kiume ifanywe na wanaume. Kama ulifanya vizuri, mbona ukuta wangu unalia?"

Lipu alisimama mlangoni. Alikuwa amekonda kidogo, anaonekana kama hakulala. Spana hakumtazama. Akaingia bafuni, wote wakamfuata, wakajibana: Mama karibu na beseni, dada kwenye kizingiti cha mlango, Lipu nyuma. Akafunga koki kuu. Akachukua bisibisi, akaiweka kwenye skrubu ya kwanza ya bamba, akasimama.

Angeifungua tu, kila kitu kingeonekana. Nati ya kukazwa kwa vidole. Pengo lisilo na washa. Jina lake lingesafishwa mara moja, na Lipu angebaki amesimama pale kama mtoto aliyefumaniwa. Alikuwa na haki hiyo. Lakini hakutaka kumfichua mtu ambaye bado angeweza kujifichua mwenyewe.

"Nafungua sasa," alisema, akiutazama ukuta. "Kabla sijafungua, kuna mwenye neno?"

Lipu akasogea mbele.

"Mimi," Lipu alisema.

"Wewe nini?" Mama aliuliza.

"Ukuta niliufunga mimi, Mama. Alikwenda kununua washa, akanikataza nisifunge, nisifungue maji. Ulipokuja na wageni nikafunga. Niliogopa."

"Uliogopa nini? Vumbi?"

"Nilikuogopa wewe." Lipu akamgeukia Spana. "Huyu si fundi tu. Ni mpenzi wangu. Kila kazi nzuri uliyonisifia tangu tulipokutana, yeye alivunja, mimi nikaziba. Nilimficha kama nilivyouficha huo ukuta. Nikasikia unamsema vibaya mtaani, nikanyamaza tena. Wateja wako nitawafuata mmoja mmoja niwaambie. Vitambaa vilivyoharibika ni juu yangu. Na ukinifukuza, nitaondoka. Lakini sitanyamaza tena."

"Alhamdulillahi, chumvi imepatikana," dada alinong'ona.

Spana akairudisha bisibisi kwenye bamba. Akafungua skrubu ya kwanza, ya pili, akakata silikoni kwa kisu. Bamba lilipotoka, maji yaliyofungwa nyuma yake yakamwagika yote kwa pamoja, yakalilowesha gauni kuanzia kiunoni.

"Gauni!" Mama alipiga kelele bila kutaka.

"Litakauka," Spana alisema. "Lipu. Shika tochi."

Aliishika. Nyuso zao zilikuwa karibu, zikitazama ndani ya lile shimo. Spana akafungua nati, akatoa washa kwenye sanduku, ikamponyoka na kubingirika sakafuni. Lipu akapiga goti moja kuiokota. Akaitazama, duara dogo jeusi kati ya vidole vyake. Akamtazama Spana.

"Usithubutu," Spana alisema. "Hiyo ni ya bomba."

"Naokota tu!"

"Nakujua. Una la kusema, simama useme, mikono mitupu."

Akampa washa, akasimama, akajifuta mikono kwenye suruali.

"Nataka kukuoa. Mbele ya Mama, mbele ya dada, mbele ya hili shimo."

"Nimekusikia." Alikaza nati, safari hii kwa spana, mpaka ikagoma. "Nani afungue koki kuu?"

Dada alikimbia. Maji yakaja yakivuma mabombani. Wote wanne wakachungulia ndani ya ukuta kama watu wanaomtazama mtoto mchanga. Spana akapitisha kidole chini ya nati, akakiinua mbele ya macho yao. Kikavu.

"Jibu langu ni ndiyo," alisema. "Lakini kwangu hakuna kunificha nyuma ya pazia. Ukirudia, naondoka na ukuta wako."

Lipu alicheka huku machozi yanamtoka. Walirudisha bamba pamoja. Lipu akachukua silikoni, mkono wake umetulia sasa, akapita juu, akashuka kulia, akashuka kushoto. Akasimama.

"Umesahau chini," Mama alisema.

"Chini hatuzibi, Mama. Maji yakiingia nyuma, yapate pa kutokea."

"Kwa hiyo likivuja kila mtu ataona?"

"Kila mtu ataona," Spana alijibu.

Mama akainama, akapitisha kidole kwenye ule ufa mwembamba, taratibu, kama anavyokagua mshono wa mtu mwingine. Alipoinuka, alimtazama Spana usoni.

"Mimi sijakukubali."

"Sikuja kuomba kukubaliwa, Mama. Nimekuja nionekane."

"Umeonekana." Akashika pindo lililolowa la lile gauni, akaligeuza, akasonya. "Nani kalishona hili? Pindo limekwenda upande. Unatembea na aibu ya mtu mwingine magotini. Jumapili uje nilifumue. Uje bila hilo sanduku."

Spana akafunga sanduku lake, akalinyanyua.

"Nitakuja nalo, Mama," alisema. "Sinki lako la jikoni nalo linavuja. Nimelisikia nilipokuwa naingia."